Ugonjwa Wako Ulikuwa na Namba, Baba

Baba,

Mama anajua. Nimeanza na hilo kwa sababu nakujua; ungeipitia barua yote haraka haraka ukilitafuta hilo tu, kama ulivyokuwa ukisoma gazeti kuanzia nyuma kwenye mpira. Basi umelipata. Mama anajua kwa nini ulikubali kuitwa mlevi. Ukoo mzima unajua. Mimi ndiye niliyesema, mchana kweupe, mbele ya wazee, na uliniapisha nisiseme. Kasirika kwanza. Ukimaliza, tulia nikueleze ilivyokuwa, maana hukuwepo, na usipoelezwa na mimi hakuna mwingine wa kukueleza.

Naandika kutoka Jinja, nyumbani kwangu Mpumudde. Mama yuko nami sasa. Vile vyumba vya kupanga vya Namakwekwe, Mbale, tulivirudisha kwa mwenyewe, na mizani yako ya mahindi nimempa jirani yako wa sokoni, yule mama wa maharage uliyekuwa ukimtania kwamba anapima na kidole chake. Alilia alipoipokea. Nilidhani angefurahi.

Kazi yangu bado ni ile ile. Unakumbuka Krismasi ile uliyoniuliza kazi yangu ni nini hasa? Majirani walijua mimi ni nesi. Mama alikuwa akiwaambia ni daktari, na nilipomkataza alisema daktari na nesi si wote wanavaa nyeupe? Wewe peke yako ndiye uliyekaa ukauliza. Nikakuambia kwamba daktari akimaliza na mgonjwa, faili linakuja chumba chetu cha kumbukumbu. Mimi nasoma alichoandika, natafuta ugonjwa ule kwenye orodha inayotumika dunia nzima, naandika namba yake. Malaria ina yake. Kisukari kina yake. Mimi nimepewa meza ya mifupa na migongo. Ulisikiliza vizuri, halafu ukacheka mpaka ukakohoa: "Kumbe unafunga magonjwa namba pleti." Dereva ni dereva tu, hata akistaafu. Tangu siku hiyo ukinipigia simu ni "Habari ya pleti, Afande?"

Hilo la Afande nalo sikulipenda nikiwa mtoto. Ulisema nimerithi kutoa amri kutoka kwa babu, baba yake Mama, aliyekuwa askari magereza. Sasa hakuna anayeniita hivyo. Juzi mlinzi wa getini kazini alimwita mtu mwingine Afande na mimi nikageuka. Nilisimama pale nikaona aibu, nikaona uchungu, nikaingia ndani.

Nyumba yetu ilikuwa ya Kiswahili kwa lazima, sivyo? Wewe Mbukusu wa ng'ambo ya mpaka, umeletwa Uganda na lori. Mama mtu wa Lango, kabila la kaskazini, aliyekulia kwenye laini, zile nyumba za askari magereza hapa Jinja. Hamkuwa na lugha nyingine ya kupendana wala ya kugombana. Watoto wa Namakwekwe, ambao kwao Kiswahili ni lugha ya askari, walidhani sisi ni familia ya jeshi, wakawa wanatuogopa, na sisi tukaacha waogope. Lakini ndugu zako hawakuogopa. Kwao Mama alibaki mke wa lugha nyingine, miaka yote, hata baada ya kujifunza kupika malewa, yale machipukizi ya mianzi, kwa karanga kuliko dada zako. Nilikuwa naliona hilo bila kulipa uzito. Wewe ulikuwa unalipa uzito, na ukanyamaza.

Ilianza na vifungo. Jumapili moja Mama alikusikia chumbani ukihangaika na shati, na ulipotoka ukasema fundi amebana matundu. Tulicheka. Mwezi uliofuata ukasema hivyo hivyo kuhusu shati lingine, la dukani, ambalo hakuna fundi aliyeligusa. Kisha funguo zikawa zinakuponyoka. Kisha mwendo wako ukabadilika, ukawa unatembea miguu imeachana, kama mtu anayevuka shamba lenye matope. Mama alinipigia simu: "Njoo uone baba yako, amekuwa anatembea vibaya na hataki kuambiwa." Ulisema ni shingo tu, shingo imetazama barabara kutoka Mombasa mpaka Kampala, lazima ichoke.

Kliniki ya Mbale ilikupa dawa za maumivu, na kwenye karatasi wakaandika maumivu ya shingo. Kwenye meza yangu hiyo ni M54.2. Namba hiyo tunaijua vizuri. Hiyo ni namba ya malalamiko, ugonjwa wenyewe bado. Maana yake mtu anaumwa shingo na hakuna aliyeandika sababu. Na sheria ya kwetu, Baba, ni kwamba huandiki usichoandikiwa. Hata kama umemwona mgonjwa kwa macho yako akiburuta mguu koridoni, daktari asipoandika, wewe huna ruhusa ya kubuni. Unarudisha faili na swali, unangoja. Kwa hiyo sikubuni. Nilikuita Jinja.

Ulimwambia Mama unakuja kunitembelea. Ulivaa koti. Daktari wetu wa mifupa ni mtu mpole, hana haraka, alikufanya ufumbue na kufumba ngumi mara nyingi, akakugonga magoti, akakupeleka kwenye picha. Baadaye alituweka chini akatuonyesha. Pingili za shingo zimechakaa, zimeota vijimfupa pembeni, na zile diski katikati zimefura nyuma. Vyote hivyo vimeubana ule ugwe wa mishipa unaopeleka amri mikononi na miguuni. Ulimuuliza kama ni kama mpira wa maji uliokanyagwa. Akasema ndiyo mzee, ni hivyo hasa, na akafurahi kwamba umeelewa. Akasema anaweza kupasua, atoe nafasi. Kilichokwisha kuharibika huenda kisirudi chote, lakini ugonjwa utasimama pale ulipofika. Akasema jambo moja la mwisho, na alilisema akinitazama mimi: asianguke. Shingo ya namna hii, kuanguka kidogo tu kunatosha.

Faili lako lilifika mezani kwangu siku iliyofuata. Kwetu mtu haweki namba ya ndugu yake. Nikalisukuma kwa mwenzangu wa meza ya pili, akalisoma, akaandika M47.1, akaenda kuniletea chai. Nikueleze maana hukuwahi kuuliza. M ni ya mifupa na viungo. Arobaini na saba ni kuchakaa kwa pingili za uti wa mgongo. Ile moja baada ya nukta ndiyo inayosema ugwe wenyewe umeshabanwa. Mimi nilikuwa nimeiandika hiyo moja kwa watu wengi. Madereva. Akina mama waliobeba mikungu ya ndizi kichwani tangu usichana wao. Wachimba mchanga. Mwalimu mmoja ambaye hakuwahi kubeba kitu kizito kuliko chaki. Niliona ikiandikwa kwako, na siku hiyo nilishindwa kazi.

Lakini yaliyoniumiza zaidi yalikuwa ya siku iliyotangulia, kwenye kantini nje ya hospitali, tulipotoka kwa daktari. Uliagiza chai ukainywa kwa mikono miwili. Ukaniambia sokoni wameshaanza kusema umerudia chupa. Mimi nikawaka. Nikasema nitaenda mwenyewe niwaambie ni ugonjwa, una jina, una picha, una daktari. Ukasema hapana. Ukanisimulia habari za mke wa binamu yako, kule kwenu, ulipokuwa kijana. Mume alivimba miguu akafa. Siku ya kunyoa nywele za msiba, wazee wakauliza chanzo, hakuna aliyekuwa na jibu, basi mke akafanywa ndiye jibu, kwamba alimroga kwenye chakula. Alifukuzwa na sufuria kichwani, kwa njia ile ile aliyoletwa nayo kama bibi harusi. Wewe ulikuwa kwenye kundi lililomfukuza. Ukasema, "Na yule alikuwa wa lugha yetu. Sasa huyu mama yako?"

Halafu ukasema maneno ambayo nayasikia mpaka leo nikiwa naosha vyombo: "Wacha waseme pombe. Pombe ni dhambi yangu mwenyewe, haimkamati mtu mwingine. Wakisema mguu umekufa bure, watamtafuta aliyeupika."

Nilibishana nawe. Nilisema siku hizi watu wanaelewa. Ukaniambia namba pleti ni ya trafiki, wazee hawasomi pleti. Ukanishika mkono kwa ile mikono yako isiyoshika, ukaniapisha kwa Mungu nisimwambie mtu, na Mama hasa nisimwambie, kwa sababu Mama hawezi kukaa na neno, atasimama sokoni alipige kelele. Nikaapa. Mzazi wako akikushika mkono hivyo utafanya nini?

Na kweli ulikuwa na dhambi iliyo tayari kukusaidia. Ujana wako wa barabarani kila mtu aliujua, uliusimulia mwenyewe kanisani kila mwaka, jinsi ulivyokunywa Malaba na kuamka Tororo, jinsi Bwana alivyokutoa. Ushuhuda ule ule ukakufunga. Watu hawakuhitaji kunusa. Walikuona unayumba wakamalizia wenyewe.

Jumapili ya meza ya Bwana sikuwepo, lakini Mama amenisimulia mara nyingi kiasi kwamba naiona. Wewe mzee wa kanisa, umeshika sinia la vikombe vidogo, umefika benchi la akina mama, mkono ukaachia. Nguo nyeupe zote zikapata doa. Mchungaji alikuja nyumbani jioni na wazee wawili, akasema kwa upole upumzike kidogo na kazi ya meza. Mama alikuwa tayari kuwatoa nje na mwiko. Wewe ukasema asanteni, nitapumzika, mbarikiwe. Mama akanipigia simu analia kwa hasira: "Baba yako amekuwa mtu gani? Anatukanwa, yeye anashukuru." Ulikuwa umenifunga mdomo, Baba, na mimi si mtu wa kufungwa mdomo, unajua.

Upasuaji ulikuwa "baada ya mavuno." Mavuno yakapita. Ukawa baada ya watoto wa dada yako kutahiriwa. Wakatahiriwa, wakapona, wakarudi shule. Kila nilipopiga simu palikuwa na baada nyingine. Mwishowe ulisema wazi kwamba mtu wa kwenu hapasuliwi shingo bila ndugu kuitwa, na ndugu wakiitwa watauliza, na wakiuliza tumerudi kwenye sufuria. Nilikuambia unajiua. Ukasema, "Afande, punguza sauti, niko kanisani." Hukuwa kanisani. Nilisikia kuku.

Ulianguka asubuhi, nyuma ya nyumba, mvua ilikuwa imelowesha ile saruji ya bafuni. Hata kelele hukupiga. Mama alidhani umeketi. Nilipofika Mbale kutoka Jinja ulikuwa unanitambua lakini pumzi ilikuwa inakuja kwa shida, na chini ya shingo hapakuwa na kitu chako tena. Ulinitazama, kisha ukatazama upande wa Mama, kisha ukanitazama tena. Nilielewa. Nikakuambia sawa. Neno la mwisho nililokuambia ukiwa hai ni hilo, sawa, na halikuwa kweli.

Tulikuzika Busiu, kwenye kile kipande cha shamba ulichonunua, kando ya ndizi zako. Baba Mkubwa alivuka mpaka na ndugu wengi, hawakufurahi kwamba hukurudishwa nyumbani, lakini walikubali. Mchungaji hakukutaja. Alihubiri tu juu ya mtu anayetoka Misri kisha akaikumbuka Misri, na kila mtu aliinama. Mama alinifinya mkono mpaka kucha zikaacha alama.

Sasa ndiyo nafika pale pa kunikasirikia.

Siku ya kunyoa, wazee walikaa kwenye viti vya plastiki mbele ya nyumba, mwenye wembe kando na beseni lake la maji. Unajua desturi, kabla nywele hazijanyolewa lazima isemwe marehemu alikufaje, ili watu waondoke wamesikia jambo moja. Baba Mkubwa alisimama. Nitasema haki, hakuwa mkali. Alisema ndugu yetu alirudia pombe, pombe ikamwangusha, tumekubali, Mungu amsamehe, tunyoe twende. Wazee wakaitikia. Mpango wako ulikuwa unafanya kazi, Baba. Ulikuwa umekufuata mpaka kaburini na ukapita kaburi. Mambo yangeisha pale pale.

Mama akasimama.

Mjane hasimami pale, mwenyewe unajua. Alisimama na leso yake ya kiunoni, akasema kwa kile Kiswahili chake cha laini, kila neno peke yake: "Bwana yangu hakunywa. Mimi nalala na yeye. Hata ya dawa hakunywa. Mumemzika, sawa. Musimzike na uongo."

Nilitaka ardhi inimeze. Alikuwa anakutetea, Baba. Miaka yote alikuwa amengoja wewe ujitetee, sasa umelala, akaona zamu ni yake. Hakujua anavunja ukuta uliomjengea. Baba Mkubwa akamtazama kwa muda, akauliza, taratibu sana: "Shemeji, kama si pombe, ni nini? Mtu mzima, miguu inakufa, mikono inakufa, yeye anaangalia tu?" Halafu akauliza lile lenyewe: "Nani alikuwa anampikia?"

Mama akajibu, "Mimi," kwa kiburi kabisa, kama mtu aliyeulizwa nani alikutunza.

Nikaona vichwa vinageukiana. Shangazi mmoja akavuta kanga yake akaiweka mbali na ya Mama. Na mimi nikasimama.

Nilisema mimi nafanya kazi hospitali Jinja, kazi ya kuandika namba za magonjwa ya mgongo, na ugonjwa wa baba yangu naujua. Nikaeleza pingili, diski, mpira wa maji. Walisikiliza kama watu wanavyomsikiliza mwanamke msomi, yaani wakisubiri amalize. Mzee mmoja akauliza hiyo namba alipewa yeye alipougua? Nikasema hapana mzee, namba ilikuwepo kabla hajaoa. Daktari wa Nairobi akiukuta ugonjwa huu anaandika hiyo hiyo. Wa India anaandika hiyo hiyo. Wa Uchina vile vile. Kuna watu wengi duniani wa namba hii mpaka ikabidi iandikwe. Mama yangu huyu hajavuka hata Kampala peke yake. Hao Wachina aliwapikia lini?

Wengine walicheka wakaziba midomo. Ulisema wazee hawasomi pleti. Walisoma hiyo.

Baba Mkubwa hakucheka. Akaniuliza, "Na uchawi una namba gani?" Nikasema, Baba Mkubwa, mimi naandika alichoandika daktari, na hilo sijawahi kuandikiwa. Na nisichoandikiwa siandiki. Akaitikia kwa kichwa. Nilidhani tumemaliza. Kumbe alikuwa na swali moja lililobaki, na alilitoa kwa sauti ya mtu aliyeumia kweli, maana alikupenda, tusimnyime hilo. Akasema, "Kama ni ugonjwa wa hospitali, kwa nini ndugu yangu hakuniambia? Kwa nini aliniacha nimwone mlevi?"

Ningeweza kusema sijui. Nilifikiri juu ya kantini, juu ya kiapo. Kisha nikamtazama Mama, amesimama bado, anangoja jibu hilo kuliko wote. Nikasema: "Kwa sababu ya lile ulilouliza sasa hivi. Nani alikuwa anampikia."

Mama alikaa chini polepole, akashika kingo za mkeka. Mwenye wembe alipomfikia, alimpa kichwa bila kumtazama.

Nikupe na mengine yaliyotokea. Mchungaji alikuja Namakwekwe, akaomba msamaha kwa Mama akiwa amesimama, na Jumapili akasema mbele ya kanisa kwamba ulikuwa mgonjwa na kwamba yeye alihukumu kwa macho. Waliokuwa na madoa kwenye nguo walilia, hasa wao. Shangazi yule bado hali chakula cha chungu cha Mama. Akija anakula ndizi mbivu anasema ameshiba. Baba Mkubwa je? Alianza kusikia shingo inamuuma. Alikuja hospitalini kwetu akiwa na hofu kuliko ya mtoto, daktari akamgonga magoti, akampiga picha, hakuna kitu. Mwenzangu wa meza ya pili ndiye aliyeandika: maumivu ya shingo, M54.2, basi. Mungu ana utani wake. Alilala hapa Mpumudde siku hiyo, Mama akamwekea chai na mihogo. Alikunywa kikombe chote mpaka majani, akaomba kingine, na wakati wote alikuwa akinitazama mimi ili nihesabu kwamba amekunywa. Nilimheshimu kwa hilo. Sijamsamehe, lakini nilimheshimu.

Mama alinyamaza muda mrefu. Unajua Mama akigomba ni salama, akinyamaza ndiyo tuombe. Alipika, alifagia, alienda kanisani na kurudi. Halafu mchana mmoja, tunachambua mchele, akaanza kuuliza bila kuinua kichwa. Ulijua lini? Daktari alisema nini? Nilimwambia yote, ya kantini, ya sufuria, ya kiapo. Nilipofika kwenye upasuaji aliacha mchele. Hakuwa anajua kwamba palikuwa na upasuaji. Alikuwa anajua shingo tu, na vidonge. Akaniuliza mara ya pili, kama hakusikia: daktari alisema angesimamisha? Nikasema alisema ugonjwa ungesimama. Akauliza, na baba yako akakataa kwa sababu yangu? Nikasema alikuwa anakulinda, Mama. Nilidhani ni neno la kufariji. Lilimchoma.

Alisema, Baba, na nimeomba ruhusa yake kukuandikia alivyosema: "Mimi nimeitwa mengi. Nimeitwa mtoto wa jela, nimeitwa mke wa Kiswahili. Mchawi pia ningeitwa, ningezoea. Watu wanaitwa mchawi, wanaamka, wanalima, wanapikia bwana yao. Kuitwa mjane ndiyo siwezi kuzoea. Angeniuliza. Kwa nini hakuniuliza?"

Jibu la hilo nimelitafuta tangu siku hiyo. Sitaki kukupiga ukiwa umelala, na moyo wangu unauma kuandika hivi, lakini nani mwingine nimwambie? Ulimpenda mpaka ukampangia maisha bila kumwita kikaoni. Ulimwokoa na sufuria, ukampa kaburi. Na mimi nikakusaidia, kwa sababu uliniomba na kwa sababu ulikuwa umeshika kikombe kwa mikono miwili. Nakulilia kwa upendo wako na nakulilia kwa ukaidi wako, na siwezi kuvitenganisha, ni machozi yale yale.

Pumzika, Baba. Ndizi za Busiu zimezaa, jirani anazipalilia. Jina lako ni safi kanisani, na la Mama ni safi karibu kote. Nimekuvunjia ahadi moja, basi pokea nyingine badala yake, na hii siivunji: lolote linalomhusu Mama, la hospitali, la ukoo, la shamba, nitamuuliza yeye kwanza, hata nikijua jibu lake litaniumiza.

Nimeshaanza leo. Nimemuuliza barua hii niichome, au niipeleke Busiu niifukie kando yako. Amesema kwanza nimsomee, yote, nisiruke hata neno. Amejifunga leso, ameketi hapa mbele yangu, anangoja nimalize kuandika.